Mkanda wa Sita

Inspekta Régis Ozanne alikaa katika kiti ilipokutwa maiti, akatazama pazia jeupe lisilokuwa na kitu.

Kilikuwa kiti cha katikati, safu ya pili kutoka mbele, na aliyekikalia ilimlazimu kuinua shingo kama mtu anayekagua dari linalovuja. Ozanne hakuwa mtu wa sinema. Mara ya mwisho aliingia kwenye ukumbi wa filamu kumkamata mwizi wa mikoba. Lakini alijua kwamba mtu mwenye viti hamsini vitupu vya kuchagua hachagui kuumia shingo bila sababu, na sababu hiyo Paris nzima iliijua. Hiki kilikuwa kiti cha Armand Quélennec. Katika kila ukumbi wa jiji, kwa miaka arobaini, mhakiki yule alikaa safu ya pili katikati, na wafuasi wake wakajazana kando yake ili waipokee picha ikiwa bado mbichi, kama alivyowafundisha, kabla haijachoshwa na macho ya walio nyuma.

"Mkuu," alisema Berthou kutoka nyuma ya ukumbi, "kama inaanza, niambie nikanunue aiskrimu."

"Washa taa zote. Kisha nirudie mambo tangu mwanzo."

"Tumesharudia jana."

"Rudia."

Berthou, Mbretoni mnene aliyefanya kazi na Ozanne muda mrefu kiasi cha kutomwogopa, aliwasha taa na kusimama chini ya ngazi ya chuma iliyopanda kwenye chumba cha projekta. Alihesabu kwa vidole. Jumatatu jioni, mlinzi wa jengo alichoshwa na kelele ya mashine isiyokoma, akaingia. Alimkuta mzee Quélennec ameketi safu ya pili, mikono mapajani, macho wazi. Juu, projekta ilikuwa inazunguka bure, filamu imekwisha, ncha yake ikichapa chuma. Daktari wa mtaa alisema ni moyo. Daktari wa polisi alifunua nywele za kisogo, akasema si moyo. Mzee aliangukia kitu chenye ukingo. Visigino vya viatu vyake vilikuwa vimechunika kwa kukokotwa, na kipandio cha kwanza cha ngazi hii ya chuma ndicho pekee kilichokuwa safi katika jengo zima.

"Ufunguo?"

"Wanao wawili. Marehemu, na Bibi Judith Amselem, msaidizi wake humu kwenye Hazina ya filamu. Bibi alituambia Jumatatu alishinda maabara ya filamu, kule Joinville. Watu wa maabara wanasema aliondoka saa sita mchana. Kwa hiyo katudanganya, kwa hiyo tumemkamata, kwa hiyo Jaji Delorge anamfungulia mashtaka leo saa kumi na moja jioni. Mwisho. Taa ziwashwe, watu wachukue makoti yao."

"Na filamu?"

"Mkanda wa sita na wa mwisho wa *Pwani Nyeupe*. Mzima."

"Hapo ndipo pananikwama," alisema Ozanne.

Aliinuka, akatembea polepole kati ya viti. Filamu ile ilikuwa ya mwaka 1928, na filamu za umri ule zilitengenezwa kwa nitrati, kitu kinachowaka kama baruti na kisichozimika hata kikizamishwa majini. Njiti moja ya kiberiti ingeteketeza mkanda, ukumbi, maiti na damu. Wapelelezi wangeandika ajali, kwa maana ajali za namna hiyo zimekwisha kuunguza hazina nyingi za filamu. Muuaji alisugua kipandio. Alimkokota mzee mwenye kilo themanini kutoka nyuma ya ukumbi hadi mbele. Lakini hakuwasha njiti.

"Labda havuti sigara," alisema Berthou.

"Mlete Bibi Amselem."

Alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na minane, mwembamba, mwenye vidole vilivyobabuka kwa dawa za kusafishia filamu. Alikuwa amelala selo usiku mmoja na koti lake lilionyesha hivyo. Aliketi kiti cha pembeni alichoonyeshwa, safu ya mwisho, akautazama ukumbi kama mwenye nyumba aliyerudi akakuta samani zimesogezwa.

"Uliondoka Joinville saa sita," alisema Ozanne. "Ulikwenda wapi?"

"Nimeshawaambia. Nilitembea."

"Jumatatu ilinyesha kutwa."

"Napenda mvua."

"Bibi Amselem, saa kumi na moja utatoka hapa kwenda gerezani au kwenda kwako. Kwangu mimi ni sawa, ilimradi uende unakostahili. Ulikuwa wapi?"

Alifunga kifungo kimoja cha koti lake. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Sinema."

Berthou alicheka hadi bega likatikisika. "Wiki nzima umeshinda na filamu, siku ya kutoroka kazini ukaenda kutazama filamu? Mwoka mikate akipewa likizo anakwenda kuoka?"

"Filamu gani?" aliuliza Ozanne.

"Ya karate. Ya Hong Kong. Kule kwenye barabara kuu wanaonyesha mbili kwa tikiti moja."

"Na kwa nini ulificha?"

"Kwa sababu huwajui watu wa hapa, Bwana Inspekta. Kila Alhamisi wanakuja wale wale, wanakaa pale pale, wanagombana kuhusu picha moja ya sekunde tatu hadi wanavunjiana urafiki. Mtu akitoka jela watampokea. Akitoka kwenye karate, hawampokei." Aliinua macho. "Armand angenisamehe. Wengine, hapana."

"Nani alikuona?"

"Picha ilikuwa imefifia, ukungu mtupu. Niligonga dirisha la mtu wa mashine mpaka akairekebisha. Alinitukana tusi ambalo sijawahi kulisikia."

Ozanne alimtazama Berthou, naye Berthou akaenda kupiga simu ofisini. Alirudi akijikuna shavu.

"Mtu wa mashine anakumbuka. Jumatatu, filamu ya pili, mwanamke kagonga dirisha. Ila anasema hakuona uso, aliona ngumi tu. Na mimi pia kanitukana."

"Jaji Delorge hatapokea ngumi," alisema Ozanne.

"Hata mimi nisingeipokea."

Judith Amselem aliyasikia yote haya bila kubadilika uso. Ozanne akakaa kiti cha mbele yake, akamgeukia na kuanza swali lingine.

"Umefanya kazi na Quélennec miaka mingapi?"

"Kumi na mmoja."

"Alikuwa na kawaida ya kukaa safu ya pili, katikati."

"Kila mtu anajua."

"Ndipo alipokutwa."

Aligeuza kichwa haraka. "Nani kasema?"

"Mlinzi. Picha tulizopiga. Mimi niliyefika."

"Mimi mliniambia ukumbini. Nikajua ni hapa nyuma." Alikitazama kiti kile cha mbele, kisha dirisha dogo la projekta lililokuwa juu yake. "Jumatatu? Safu ya pili, Jumatatu? Na mashine inakwenda?"

"Inakwenda."

"Juu alikuwepo nani?"

"Hapakuwa na mtu."

"Basi siye yeye aliyeiwasha," alisema, akiwa na yakini ya mtu anayesema maji hayapandi mlima.

"Nieleze. Polepole."

"Alhamisi Armand ni mhakiki. Anavaa tai, anakaa mbele, anatazama filamu. Jumatatu siyo. Jumatatu ni ukaguzi, na kwenye ukaguzi hatazami filamu, anaisikiliza. Anakaa safu ya mwisho, hapa, chini ya dirisha la mashine, asikie kila kiungo cha mkanda kikipita kwenye meno ya mashine. Mimi nakuwa juu, mkono kwenye swichi, ndoo ya mchanga miguuni. Nisipokuwepo, mashine haiwashwi. Nitrati haiachwi peke yake, Bwana Inspekta. Hata simu ikilia hatuipokei. Akiwa peke yake anafanya kazi kwenye meza, kwa mkono, mita kwa mita, na taa kubwa imewashwa."

"Hakuwahi kuvunja sheria hiyo? Hata mara moja, kwa uvivu, kwa hamu?"

"Mwaka arobaini na saba aliona watu wawili wakitoka kwenye chumba cha mashine wanawaka. Hapana."

Ozanne aliyapima maneno hayo. Aliyeipanga maiti ile alimjua Quélennec wa Alhamisi, yule aliyesomwa nchi nzima, ambaye kalamu yake iliweza kuizika filamu kabla ya wiki kwisha. Quélennec wa Jumatatu hakumjua hata kidogo: yule aliyeficha makopo ya filamu kwenye mashimo ya jengo hili, lililokuwa kiwanda cha ngozi, wakati Wajerumani wakiwa mjini, na ambaye hata sasa alivaa koti la kazi lenye mifuko iliyojaa vipande vya mkanda.

"Kama ungemuua wewe," aliuliza, "ungemweka wapi?"

Berthou alikohoa. Judith alilifikiria swali hilo kama lilivyoulizwa.

"Juu. Kwenye meza ya ukaguzi. Kopo wazi, taa imewashwa, mashine imezimwa. Nani angeshangaa?"

"Ndivyo nilivyodhani." Ozanne akavuka kwenda swali lililofuata. "Mkanda wa sita una nini?"

"Mwisho."

"Mwisho wa namna gani?"

Judith alisita, na Ozanne akasubiri. Kusubiri alikuwa anakujua.

*Pwani Nyeupe*, alieleza Judith, ilihesabiwa kuwa imepotea tangu vita. Nakala ya mwisho iliungua Nantes. Kisha, majira ya kiangazi, mapadri wa Guérande walikuwa wakisafisha dari la nyumba yao wakakuta makopo sita. Mikanda mitano ilikuwa mizuri. Mkanda wa sita ulikuwa umegandamana, na yeye na Armand walishinda Jumamosi nzima wakiukunjua juu ya meza ya taa. Hapo waliuona mwisho wake, picha moja moja, kwa kioo cha kukuzia.

"Na sio ule unaojulikana," alisema.

"Unaojulikana na nani?"

"Na kila mtu. Ameuandika Bertrand Hautecombe."

Jina hilo Ozanne alilikuta kwenye faili: mhariri wa jarida la filamu, miaka arobaini na mitano, mwanafunzi mpendwa wa marehemu. Judith alimjazia yaliyobaki. Hautecombe alisema kwamba aliiona *Pwani Nyeupe* Nantes akiwa kijana, kabla haijaungua, mtu pekee wa kizazi chake kuiona. Alitunga kitabu juu yake. Katika kitabu hicho, mwanamke wa mashamba ya chumvi anatembea hadi ufukweni, anaingia baharini, na maji yanafunga juu yake. Juu ya mwisho huo Hautecombe alijenga nadharia nzima, kwamba hapo ndipo filamu ya Kifaransa ilipojifunza kutosamehe. Vyuo vikuu viliifundisha. Dibaji aliiandika Quélennec.

"Na mwisho wenyewe?"

"Anatembea hadi kwenye maji. Anasimama. Kisha inakuja picha ya mwisho: anageuka, anaokota reki yake, anarudi kufanya kazi."

"Kwa hiyo Hautecombe hakuiona filamu."

"Hakuiona kamwe. Alisoma muhtasari wa gazeti lililokosea, nadhani." Alisugua vidole vyake. "Armand aliweka kioo chini. Kisha akasema, 'Alhamisi tutaionyesha, na nitasema niliandika dibaji ya uongo. Lakini mhusika lazima nimwambie kabla. Ni adabu.' Jina hakulitaja."

"Mbona hukuyasema haya tangu jana?"

"Mliniuliza habari za ufunguo. Mchana kutwa, ufunguo, ufunguo."

Ozanne alikubali kosa hilo kwa kichwa, kwa kuwa lilikuwa kosa. Aliingia ofisini kwa marehemu, akamwita Jaji Delorge kwenye simu. Jaji alimsikiliza kwa subira ya mtu anayechora ukingoni mwa karatasi.

"Mhariri wa jarida ameua kwa ajili ya mwisho wa filamu? Ozanne, watu huuana kwa wivu na urithi."

"Huyu alikuwa na urithi wa kupoteza. Jina lake."

"Niletee kitu ninachoweza kukiandika. Kama hakipo, saa kumi na moja namwandika mwanamke. Kadanganya, ana ufunguo, na aligombana na marehemu mwezi uliopita kuhusu kuhamisha makopo. Hayo ninayaweza kuyaandika."

Simu ikakatwa. Ozanne alibaki amesimama akitazama rafu za makopo ya bati. Ukweli ulikuwa mikononi mwake lakini hakuwa na pa kuushikia. Mlango hujifunga wenyewe. Aliyefunguliwa na mzee aliweza kuondoka bila ufunguo. Hautecombe angesema hakufika. Nani angesema alifika?

Alirudi kwenye njiti ya kiberiti. Mkanda ule ulikuwa adui pekee wa Hautecombe, na Hautecombe alikuwa nao mkononi, peke yake, jengo tupu. Hakuuchoma. Hakuuiba. Aliupachika kwenye mashine, jambo ambalo kila aliyewahi kuendesha klabu ya sinema mkoani analiweza, akauendesha wote hadi ncha ikachapa chuma. Mtu anayetengeneza udanganyifu hahitaji kuendesha mkanda hadi mwisho. Anayetaka kuuona ndiye anayehitaji.

"Mpigie Hautecombe," alimwambia Berthou. "Mwambie polisi wanahitaji mtaalamu. Wamepata mkanda, hawajui kama ni mzima. Mwombe kwa heshima zote."

Kisha akamweleza Judith alichotaka: aonyeshe mkanda wa sita, na ausimamishe mwanamke akiwa mbele ya maji, kabla ya picha ya mwisho. Halafu akate.

"Nikate nini?"

"Filamu. Aisikie."

"Sikati."

"Bibi Amselem, ni uhuru wako ninaoutafuta."

"Nimekusikia. Sikati."

Walitazamana. "Kata kitu chochote kisicho na thamani," alisema Ozanne hatimaye. "Karibu na dirisha."

Bertrand Hautecombe alifika kwa teksi, mrefu, koti la ngozi, shali nyeusi. Alimpa Ozanne mkono na kutazama kiti cha katikati cha safu ya pili. Akaketi kilicho kando yake, upande wa kushoto, bila kuambiwa. Ozanne akaketi nyuma yake.

"Mwalimu alikaa hapa," alisema Hautecombe.

"Mlizungumza lini mara ya mwisho?"

"Oktoba. Tulikwaruzana kuhusu makala moja. Tangu hapo hata simu. Najuta, kama unataka kujua."

"Hata simu?"

"Hata kadi. Nani aliyemwua? Kweli ni Judith?"

"Anaonyesha filamu sasa hivi. Askari wangu yuko naye juu." Ozanne alifungua kitabu cha Hautecombe kwenye paja. "Nisaidie. Nimesoma kurasa chache tu. Mwisho unakuwaje? Uniambie kwa maneno yako, nijue tunachokitafuta."

Hautecombe hakugeuka. "Anakwenda ufukweni. Anaingia majini. Bahari inamfunika."

"Una hakika? Miaka mingi imepita."

"Hakuna filamu ninayoikumbuka vizuri zaidi ya hiyo."

Taa zilizimika. Hapakuwa na piano. Hazina iliziacha filamu bubu zibaki bubu, na sauti pekee ilikuwa ya mashine. Mashamba ya chumvi yalitokea, meupe, yamegawanywa kwa kingo za udongo. Mwanamke mwenye kitambaa cheusi alikuwa akikokota chumvi kwa reki. Barua ilifika. Mtu alikufa mahali pengine, haikuonyeshwa. Mwanamke aliiacha reki, akaanza kutembea kuelekea bahari, na kamera ikamfuata mgongoni kwa muda mrefu kuliko Ozanne alivyotarajia. Alifika penye maji. Maji yaligusa viatu vyake.

Picha ikakatika. Taa ya projekta ikazimwa, zile za ukumbi zikawaka.

"Ni hapa," ilisema sauti ya Judith kutoka dirishani. "Iliyobaki imeoza, Bwana Inspekta. Imekuwa unga. Nikiiacha itaambukiza mkanda mzima."

"Basi ikate," alisema Ozanne. "Mwanamke kaingia majini, kama kitabu kinavyosema. Alhamisi mtaionyesha hivyo. Nakupongeza, Bwana Hautecombe. Wewe ulikuwa sahihi, na hakuna wa kukupinga."

Hautecombe aliinama mbele. Mikono yake ilikuwa imeshika mgongo wa kiti cha mbele.

"Nitahitaji saini yako tu, kama mtaalamu. Kwamba filamu inaishia hapo."

"Imeoza kwa namna gani?" aliuliza Hautecombe, akiwa bado anatazama pazia.

"Rangi ya asali," alisema Judith. "Inanata."

"Gundi inaweza kuondolewa. Kuna maabara—"

"Muda hakuna. Namwaga kwenye ndoo ya maji."

Ozanne alimwekea karatasi na kalamu kwenye mkono wa kiti. Ndani ya karatasi hiyo kulikuwa na kitabu kilichookoka, jarida, wanafunzi, jina. Saini moja. Hautecombe aliichukua kalamu. Aliishika juu ya karatasi, na Ozanne akahesabu moyoni kwamba kama atasaini, saa kumi na moja Judith Amselem atakwenda gerezani, na yeye Ozanne hatakuwa na la kufanya.

Ncha ya kalamu iligusa karatasi. Ikaandika herufi ya kwanza.

Mkasi ukalia karibu na dirisha, mkato mmoja mkavu.

"Acha," alisema Hautecombe.

"Bwana?"

"Mwambie aache. Haijaoza." Alikuwa amesimama. "Judith, usikate. Mkanda ni mzima hadi ncha, hauna gundi, hauna unga, unanisikia? Imebaki picha moja. Anageuka. Anageuka, anaokota reki, na kabla ya giza anatazama kamera, anatutazama sisi. Huwezi kuitupa hiyo. Bila hiyo filamu yote haina maana."

Juu, Berthou alisikika akishusha pumzi.

"Imeandikwa wapi hiyo?" aliuliza Ozanne.

Hautecombe alimtazama.

"Si kwenye kitabu chako. Na si dakika kumi zilizopita, uliponiambia bahari inamfunika, na kwamba hakuna filamu unayoikumbuka vizuri zaidi. Quélennec hukuzungumza naye tangu Oktoba, hata kwa simu. Makopo yaliletwa kiangazi, mkanda wa sita ulikunjuliwa Jumamosi. Bibi Amselem ameniambia kuhusu reki. Kwamba anatazama kamera hakuniambia, kwa sababu mezani, picha moja moja, uso ukiwa mdogo kama punje ya mchele, hakuliona. Hilo linaonekana filamu ikikimbia. Na mkanda huu umekimbia hadi mwisho mara moja tu tangu vita, Jumatatu."

"Kumbukumbu," alisema Hautecombe, "hurudi…"

"Imerudi baada ya miaka yote hii, mkasi ulipolia?"

Hautecombe alikaa tena, taratibu, kana kwamba kiti kilikuwa na maji. Karatasi yenye herufi moja ilianguka miguuni pake. Ozanne hakuiokota.

"Alinifungulia mwenyewe," alisema Hautecombe. "Aliniambia kwa upole. Ningalipendelea anitukane. Nilimwomba asubiri mwaka mmoja tu, niandike toleo jipya, niseme mwenyewe. Akasema filamu haimsubiri mtu, akaanza kupanda ngazi aendelee na kazi. Nilimvuta koti. Nilimvuta koti tu."

"Kisha ukamkalisha hapa."

"Hapa ni mahali pake."

"Ukawasha mashine."

"Nilikuwa sijaiona," alisema Hautecombe.

Ozanne alikwenda kwenye simu. Hakueleza sana; Jaji Delorge alikuwa mtu wa maandishi, naye Ozanne alimpa maneno yanayoandikika: amekiri, mbele ya mashahidi wawili, kwa jambo ambalo muuaji pekee angelijua. Upande wa pili ulisikika mlio wa karatasi ikichanwa.

"Mwache mwanamke aende," alisema jaji.

Aliporudi, Berthou alikuwa amekwisha kumfunga Hautecombe pingu, kwa mbele, kama alivyowafunga watu wasioelekea kukimbia. Judith alishuka ngazi ya chuma akiwa na kipande cha filamu tupu mkononi, kile alichokikata. Hakusema neno kuhusu uhuru wake. Alikwenda moja kwa moja hadi mbele ya Hautecombe, wakatazamana.

"Alhamisi," alisema Hautecombe. Sauti yake ilikuwa ya mhariri, ya kuamuru, na ikamshinda katikati. "Alhamisi usiiendeshe kwa kasi ya siku hizi. Ilipigwa polepole. Ukiiharakisha, pale anapogeuka itaonekana kama ameshtuka. Hajashtuka. Ameamua."

"Najua," alisema Judith.

"Na dibaji. Armand alitaka kusema—"

"Nitaisema mimi. Yake, na yako."

Berthou alimshika Hautecombe kiwiko, wakaondoka. Judith alisubiri mlango ujifunge. Kisha akamwuliza Ozanne kama polisi bado wanauhitaji mkanda wa sita kwa ushahidi, naye akajibu kwamba wanauhitaji, lakini anaweza kuandika kuwa unahifadhiwa hapa, chini ya ulinzi wake.

"Basi njoo juu usimame na ndoo ya mchanga," alisema Judith, akipanda ngazi. "Lazima niurudishe mwanzo, na sheria inasema tuwe wawili."